Jibu Wewe

Asubuhi hiyo mwanamke mmoja aliingia ofisini kwetu peke yake, na kazi zote zikasimama.

Nilikuwa bado mgeni kazini. Shahada yangu ya Maelewano ya Ndoa ilikuwa ingali inanuka wino, kwa hiyo nilidhani wenzangu wamesimama kwa heshima. Kumbe walikuwa wanatafuta vitu vya kuziba masikio. Mhasibu alijifunika koti kichwani. Karani wa mapokezi aliingia chini ya meza kutafuta kalamu, na akaendelea kuitafuta hata baada ya kuishika. Mkurugenzi wetu, Bwana Mwinjuma, alitoka chumbani kwake na redio, akaiweka katikati ya ofisi, akaifungulia mpaka vioo vikatetemeka.

"Hajaja," alitangaza, akishindana na taarifa ya habari. "Ofisi hii haijapokea mtu."

Mwanamke alikaa kwenye benchi, mkoba mapajani. Mkononi alikuwa na bangili ya kijani isiyovulika. Alifungua mdomo, akasema maneno ambayo hakuna aliyeyasikia.

Lazima nieleze kidogo, kwa ajili ya wasomaji wa nchi ambazo ndoa zake bado ziko nyuma. Kwetu kila nyumba ina kinywa kimoja. Siku ya harusi msajili huuliza: "Nyumba hii itasema kwa kinywa cha nani?" Anayejibu kwanza huwa Msemaji, mwenzake huwa Msemewa na huvishwa bangili ya kijani. Tangu hapo Msemaji husema kwa niaba ya wote wawili, dukani, hospitalini, barazani na kwa wakwe. Msemewa naye anaruhusiwa kusema lolote, saa yoyote, maana nchi yetu inauheshimu sana uhuru wa kusema. Ila si halali mtu mwingine kumsikia mpaka Msemaji wake atafsiri.

Sheria haibagui mwanamume wala mwanamke. Chuoni niliwahi kuuliza kwa nini basi karibu wote wanaojibu kwanza ni wanaume, nikaambiwa wana mapafu makubwa.

Matunda yake kila mtu anayaona. Mwaka uleule sheria ilipopita, magomvi ya ndoa yaliisha, maana hakuna hata shauri moja lililosikika. Rais wetu, ambaye pia ni Baba Mlezi wa Ndoa Zote, alihutubia taifa. "Ndugu wananchi," alisema, "nimepita kwenye mitaa yenu, nimesimama madirishani mwenu, nimetega sikio. Sikusikia kilio. Na pasipo na kilio, ndugu zangu, pana nini?" Wasemaji wote wakajibu kwamba pana furaha.

Ofisi yangu inaitwa Idara ya Usikivu.

*

Nilichaguliwa mimi kumrudisha yule mwanamke kwake na kumhoji kwa utaratibu, yaani mbele ya Msemaji wake. Bwana Mwinjuma alisema nafaa kwa sababu sina mwenza, kwa hiyo nikisikia jambo kwa bahati mbaya, sina wa kumwambia. Nilifurahi. Niliona hiyo ni imani kubwa kwa mtu aliyeajiriwa juzi.

Sikuruhusiwa kumwuliza njia, kwa hiyo nilimfuata nyuma. Alitembea kama mtu anayerudisha kitu alichoazima.

Mlango ulifunguliwa na mumewe, Bwana Faraji Kitwana, mshereheshaji wa harusi anayejulikana mjini kote kwa sauti yake. Hata "karibu" yake ilikuwa kama ina kipaza sauti ndani.

"Karibu sana, dada yangu. Amekusumbua? Pole. Siwema, umemsumbua dada wa watu?"

"Karibu," Siwema aliniambia.

"Anasema karibu," Bwana Faraji akatafsiri. Hapo hakukosea.

Nilikaa, nikaweka begi miguuni, nikaanza kama nilivyofundishwa.

"Mwulize, tafadhali, alikuja ofisini kwetu kwa shida gani."

Bwana Faraji akamgeukia mkewe, aliyekuwa amekaa karibu nami kuliko yeye. "Mke wangu, dada anauliza ulikwenda ofisini kwao kwa shida gani."

"Mama anaumwa," alisema Siwema. "Miguu imevimba, hawezi kuvuka mto. Nataka nikamwone."

"Anasema hana shida. Alipita kuwasalimu."

"Nimesema mama anaumwa."

"Anasema pia mna benchi zuri."

Niliitikia kwa kichwa. Masikio yangu yalikuwa yamepokea maneno mengine, lakini masikio yangu hayana kibali, na mtu hawezi kujenga hoja juu ya kitu kisicho na kibali.

"Mwulize kama ana la kuongeza."

Safari hii Siwema hakungoja kuulizwa. Alimtazama mumewe, si mimi. "Faraji, wewe unajua ninachosema."

"Anasema ananipenda," alisema Bwana Faraji, na macho yake yakalengwa na machozi. Nadhani aliamini.

Akaniambia hawajawahi kugombana hata siku moja. "Kila tunapoulizwa kama tuna tatizo, dada, huwa najibu hatuna." Akashusha ukutani picha yao ya harusi, akaifuta vumbi kwa mkono wa shati. Siku ile, alisema, msajili alipouliza lile swali, wote wawili walifungua midomo kwa pamoja. Siwema ndiye aliyekuwa na kasi zaidi. Lakini aliona haya, na alimpenda, kwa hiyo alimgusa mkono, akamwambia, "Jibu wewe."

"Jibu wewe," alirudia Bwana Faraji. "Hadithi hii naisimulia kwenye kila harusi ninayosherehesha. Maharusi wanalia, dada. Sijawahi kuambiwa neno tamu zaidi ya hilo."

Siwema alikuwa anakunja kitambaa cha meza. Alikikunja mpaka hakikukunjika tena.

Kwa haki lazima niseme hajafungiwa. Bwana Faraji mwenyewe alinionyesha: mlango u wazi, atoke akitaka. Tatizo dogo ni kivuko. Mkata tiketi huuliza, "Unashukia gati lipi?" na asiyejibiwa hapakiwi. Siwema hujibu vizuri kabisa, ila hakuna anayesikia. Daraja lipo, huko juu mtoni, lakini kwenda na kurudi ni mwendo wa kutwa nzima, na Bwana Faraji hula chakula cha mchana nyumbani. Kwa hiyo baina ya chai ya asubuhi na chakula cha mchana Siwema yuko huru kama ndege.

*

Mila yetu hairuhusu mgeni aondoke na koo kavu. Ndani hamkuwa na kinywaji, na muuza duka hawezi kumwuzia Msemewa kwa kuwa hajui anataka nini. Ikabidi Bwana Faraji aende mwenyewe. Wizara nzima, pamoja na wataalamu wake, haikuwahi kuliona tundu hilo.

"Narudi sasa hivi. Ongeeni tu," alisema mlangoni, kwa mazoea ya ukarimu. Kisha akacheka kwa kosa lake, akaenda.

Chuoni tulifundishwa la kufanya tukiachwa na Msemewa: unaimba Wimbo wa Idara mpaka Msemaji arudi. Nikaimba. "Nyumba moja, kinywa kimoja, amani tele." Siwema alinisubiri, kwa subira ya mtu aliyezoea bomba lisilotoa maji. Wimbo wenyewe ni mfupi, na dukani nadhani palikuwa na foleni. Nilipoanza tena ubeti wa kwanza, aliweka kiganja chake juu ya mkono wangu. Kilikuwa na joto. Nikasahau maneno.

"Mama yangu ni Bi. Kazija," alisema. "Anakaa ng'ambo, nyuma ya mashine ya kusaga. Faraji amemwambia nimekataa kwenda. Amemwambia kwa lugha nzuri sana."

Sikujibu. Kutojibu bado ni halali.

"Ijumaa huwa anapika wali. Mwambie hivi: Mama, sikukataa kuja, nibakishie ukoko. Basi. Usimwongezee, usimpambie. Umwambie hivyohivyo."

Ningeweza kuimba. Ubeti wa kwanza ulikuwa umenirudia kichwani, wote, na ule wa pili. Lakini Siwema hakuwa analia wala kunibembeleza. Alikuwa ananitazama mdomoni tu, kama mtu anayengoja kuona taa ya nyumba ya jirani itawashwa au haitawashwa.

"Hivyohivyo," nikasema.

Hilo lilikuwa jibu, na asiyesikia hajibu. Bwana Faraji alikuwa tayari amesimama mlangoni na chupa za soda.

"Dada," alisema taratibu, "umemsikia mke wangu? Nami nilikukaribisha ndani."

Hakufoka. Alinifungulia soda yangu mwenyewe, akangoja niimalize kwa adabu, kisha akapiga simu wizarani.

*

Bwana Mwinjuma aliniita chumbani kwake, akafunga mlango.

"Binti yangu Hidaya, umeharibu," alisema. "Lakini usiogope. Kesho kwenye Kamati ya Masikio nitakuwa Msemaji wako wa Muda. Wewe utasimama tu. Mimi nitasema."

"Lakini nilisikia kweli, Mheshimiwa."

"Ndiyo maana nitasema mimi."

Simu yake iliita. Aliisikiliza bila kutamka neno, akaitikia kwa kichwa mara kadhaa kana kwamba anaonekana, akaiweka chini. "Mama watoto," alinieleza. "Kwetu alijibu yeye kwanza. Mimi siku ile nilikuwa na kikohozi." Akavuta shati na kunionyesha bangili yake ya kijani, juu ya kiwiko, mahali ambapo watumishi hawaioni. "Tangu hapo sijala pilipili. Alisema siipendi."

"Na unaipenda?"

Bwana Mwinjuma alifikiri. Alitazama dirishani, akaitazama redio, akanitazama mimi.

"Sijui tena, binti yangu," alisema. "Ila si vibaya. Ni kama kuvaa miwani ya mtu mwingine. Mwanzoni unajikwaa. Baadaye unaona ndivyo dunia ilivyo."

Kesho yake nilisimama mbele ya Kamati. Mwenyekiti alikuwa na vizibo vya fedha masikioni, ambavyo ni alama ya cheo chake, na aliondoa kimoja kwa ajili ya Msemaji wangu.

"Anashtakiwa kumsikia Msemewa," alisema Mwenyekiti. "Anajibu nini?"

"Nilisikia," nikasema.

"Anasema alisikia wimbo," akatafsiri Bwana Mwinjuma. "Alikuwa anaimba Wimbo wa Idara."

Wajumbe wakapiga makofi.

"Nilimsikia Siwema. Nikamwahidi."

"Anasema ameahidi kuongeza bidii."

"Sikusema hivyo."

"Anasema hana maneno ya kuishukuru Kamati."

Sitasema uongo: kulikuwa na raha fulani. Nilikuwa nasema kweli tupu, na kila neno lilitoka upande wa pili limefuliwa, limepigwa pasi, halina doa. Hakuna aliyenichukia. Ilikuwa kama kufunikwa blanketi na mtu anayekupenda, mpaka na uso. Nilipotaka kupumua nilisema, "Jamani, nisikilizeni," na Bwana Mwinjuma akasema, "Anaomba maji." Wakaniletea maji.

Hukumu ilikuwa ya huruma. Nilivishwa bangili ya muda, ya plastiki, ambayo nayo haivuliki, nikabaki na kazi yangu kwa sharti la kusema mbele ya Bwana Mwinjuma peke yake. Nikikamatwa nimesema kwingine, kazi ingekwisha, na ili nisipotee zaidi Wizara ingenitafutia mume atakayejibu kwanza. (Haya nayaandika kwa kuwa sheria inataja sauti tu. Kuhusu kalamu, kamati bado inakaa.)

Nikaambiwa nipumzike Ijumaa, Jumatatu nirudi kazini. Naamini walinitakia mema.

*

Ijumaa alfajiri nilikwenda kwenye kivuko.

"Unashukia gati lipi, dada?" aliuliza mkata tiketi.

"Gati la ng'ambo, la mashine ya kusaga."

Aliiona bangili yangu. Alikuwa kijana mwenye sura ya huruma, akauliza tena polepole zaidi, kama unavyomwuliza mtoto. Nikajibu polepole zaidi. Akatazama huku na huku kumtafuta mtu aliye nami, hakumwona, akafunga mnyororo kwa masikitiko, na kivuko kikaondoka. Niliwatazama abiria wakielea mbele ya macho yangu. Mto wenyewe si mpana. Kutoka pale niliona mabati ya mashine ya kusaga, na moshi wa jiko la mtu.

Sasa nikajua Siwema amesimama mahali gani kila asubuhi.

Mimi sina wa kumpikia chakula cha mchana, kwa hiyo nilishika njia ya darajani. Nilitembea nikirudia maneno ya Siwema, nikiogopa kuyapamba. Ni machache, lakini kila nilipochoka yalitaka kuongezewa kitu. Mara nilijikuta nasema "mama mpendwa". Mara "anakukumbuka sana". Nikayarudisha kila mara yalivyokuwa. Shahada yangu yote, kumbe, ilikuwa ya kuongeza maneno.

Jua lilikuwa limeinama nilipobisha hodi nyuma ya mashine ya kusaga.

"Karibu," sauti ilijibu kutoka jikoni.

Bi. Kazija alikuwa amekaa kwenye kigoda, miguu imevimba juu ya gunia lililokunjwa, sufuria ya wali mbele yake.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba." Akaiona bangili. "Msemaji wako yuko wapi?"

"Sikuja naye."

"Basi sema upesi. Mimi ni mjane, hakuna anayejali ninasikia nini. Serikali inadhani tukifiwa tunakwisha maneno." Akanivutia kibao nikae. "Nani kakutuma?"

"Siwema."

Uso wake ukajifunga. Alichukua upawa, akaanza kuusugua, ingawa ulikuwa safi. "Siwema ameshatuma salamu. Mumewe alikuja, kakaa hapohapo ulipo. Akasema, mwanao anakusalimu kwa taadhima, ila majukumu ya unyumba hayamruhusu kuja. Taadhima. Nikajiuliza mwanangu kajifunzia wapi neno hilo. Nikasema labda ndoa imemsomesha."

Nikafungua mdomo. Nje, mlango wa gari ukafungwa kwa kishindo.

"Anasema amepotea njia," ilisema sauti ninayoijua. Bwana Mwinjuma alikuwa anawaeleza majirani. Nadhani alipita kwangu asubuhi kunijulia hali akakuta kufuli, na mtu mwenye kazi kama yake hahitaji kuambiwa wapi pa kwenda. Yeye kivuko kilimpakia. "Ni mtumishi wangu. Anasema ameingia humo kuomba maji, na sasa anatoka."

Majirani walikuwa wanaongezeka. Nilisikia ndara, nilisikia watoto, nilisikia wanawake wakiulizana.

Niliinama kwenye sikio la Bi. Kazija, nikayasema maneno ya Siwema kwa kunong'ona. Nilikuwa nimetimiza ahadi na hakuna ambaye angejua. Jumatatu ningekuwa mezani kwangu.

Bi. Kazija alitikisa kichwa. "Sikusikia, mwanangu. Huyo wa nje ananichanganya. Rudia."

"Anasema anaaga," ilisema sauti ya nje, na sasa ilikuwa mlangoni kabisa. Kisha ikashuka, ikawa ya baba kweli: "Binti yangu, toka. Ukitoka sasa, hujasema kitu. Nitasema mimi. Nitasema vizuri."

Najua angesema vizuri. Ndilo lililoniogopesha. Nilihesabu nilichonacho: kazi, chumba cha kupanga, jina ambalo bado lilikuwa langu, na mtu nisiyemjua, mahali fulani, mwenye mapafu makubwa, anayengoja msajili aulize. Bi. Kazija alikuwa ananitazama mdomoni. Wanatazama namna moja, yeye na mwanawe.

Nikasimama, nikasema kwa sauti iliyofika barabarani:

"Mama, sikukataa kuja. Nibakishie ukoko."

Nje ndara zikasimama.

"Amesemaje?" mwanamke mmoja akauliza.

"Anasema," Bwana Mwinjuma alianza. Tulingoja, mimi na Bi. Kazija na mtaa mzima. "Anasema," alisema tena, na hakuendelea.

Bi. Kazija hakulia. Alishika ukingo wa meza, akajiinua juu ya miguu yake ile, akapakua wali wote kwenye sinia. Kisha akaichukua sufuria tupu, akaukwangua ukoko kwa upawa, polepole, ili usivunjike. Ukatoka mzima, wa kahawia, mviringo kama sufuria yenyewe. Akauweka kwenye sahani, akaifunika kwa sahani nyingine, akaipandisha juu ya kabati.

"Huu hauguswi na mtu," alisema.

Kisha akanisindikiza mpaka mlangoni, akaufungua mwenyewe.